Safu ya Tatu

Wageni wanaotutembelea husema nchi yetu ina vurugu. Huo ni uzushi. Kwetu hapigwi mtu ila kwa utaratibu, na utaratibu una fomu, na fomu nimeichora mimi. Jina langu ni Eliamani Sekibo, Karani Mkuu wa Fomu katika Wizara ya Ustawi, Mila na Ushupavu. Nimetumika miaka ishirini na sita bila kuharibu karatasi hata moja. Haya ninayoyasema nayasema nikiwa na akili zangu timamu, ingawa sikio la kushoto bado linavuma.

Yote yalianza pale Mheshimiwa Waziri, Dakta Anselmi Ngurukizi, aliporudi kutoka mkutano wa ng'ambo. Huko alisikia jambo la maana kabisa: kwamba maofisa ustawi wetu wanafundishwa kwa vitabu vya watu wengine, vilivyoandikwa kwa ajili ya familia za watu wengine, na ndiyo maana wakifika vijijini hawana faida. Hilo lilikuwa kweli tupu. Mimi mwenyewe nilimjua ofisa aliyetumwa kwa mjane mmoja, mama wa watoto saba katika chumba kimoja, aliyefukuzwa shambani na mashemeji zake. Ofisa alimshauri ajitafutie muda wa kuwa peke yake.

Basi Mheshimiwa akaamuru elimu ya ustawi wa jamii itolewe upya, safari hii kutoka katika mila zetu. Kazi ilianza siku hiyo hiyo kwa kuchoma moto vitabu katika uwanja wa Chuo cha Ustawi. Mkutubi, mzee mpole aliyeitwa Bwana Tegemeo, alikumbatia rundo la mwisho akakataa kuliachia, nalo lilikuwa limeshashika moto. Alipovutwa kando, ngozi ya mikono yake ilibaki kwenye majalada mpaka viwiko. Gazeti la serikali likaandika kwamba hakuungua mtu. Bwana Tegemeo aliyasogelea mageuzi kwa pupa tu.

* * *

Iliundwa Tume ya Kusaka Mila. Tume isingeweza kutembea mikono mitupu, kwa hiyo nikaitwa kuchora fomu. Nikachora Fomu Namba Saba, yenye safu mbili: Tatizo, na Mila Inayolitatua. Nilipoitazama niliona karatasi ina nafasi tupu upande wa kulia. Nafasi tupu hunikera. Nikaongeza safu ya tatu, nikaiandika Zana Itumikayo. Hakuna aliyenituma. Niliona inapendeza.

Tume ikazunguka nchi nzima na ikaleta mila arobaini na moja. Zilizopita ni tisa. Kwa mfano, kulikuwa na mila ya majirani kumpikia mfiwa siku arobaini kwa zamu, lakini masufuria yalikuwa ya majirani wala si ya mila, safu ya tatu ikabaki wazi, fomu ikarudishwa. Kulikuwa na mila ya kumpa yatima jina jipya mbele ya ukoo ili asikose wa kumwita baba. Jina halishikiki. Fomu ikarudishwa. Kulikuwa na mila moja kutoka kijiji cha Magugumo, ambako wanawake waliwaambia wajumbe kwamba mume akimuumiza mkewe, wao huenda kuketi. Wajumbe wakauliza wanaketi na nini. Wakajibiwa kwamba wanaketi tu. Fomu ikarudishwa.

Zilizopita zilikuwa safi. Ugomvi wa nyumbani: kiboko. Ulevi: rungu. Mtoto mtundu: moshi wa pilipili. Udokozi: siafu. Kichaa: kamba. Profesa Hizza Mkalawe, Mkuu wa Chuo, alithubutu kusema kwamba kiboko kikongwe kuliko vyote nchini kipo makumbusho, na kwenye mpini wake pana muhuri wa kiwanda cha wale waliotutawala. Mheshimiwa akamtazama kwa huruma.

"Kimekaa nchini miaka mia," akasema. "Kimeshakuwa raia."

Profesa akaenda kuandika kitabu cha kuunga mkono. Na ili mambo yasichanganyike, ikatolewa amri kwamba mila yoyote isiyosajiliwa itahesabiwa kuwa fujo.

* * *

Chuo kikachangamka. Zamani wanafunzi walikuwa wakijifunza kusikiliza, somo lisilo na vifaa. Sasa asubuhi walichapa magunia ya mchanga, mchana wakachapana wenyewe. Ukipita nje ya ukuta ulisikia miguno, na mwalimu akisahihisha pembe ya kiwiko. Mwanafunzi mmoja, Razaki Mtenda, alimvunja mwenzake mfupa wa bega kwa rungu katika zoezi la kumnasihi mlevi, akapewa Daraja la Kwanza. Mwenzake alipewa la Pili, kwa kuwa alipiga kelele.

Miongoni mwao alikuwamo binti mmoja wa Magugumo, Kezia Lugome, mwembamba, mwenye tabia mbaya ya kuuliza. Katika mtihani wa mwisho waliulizwa wataje mila moja ya kwao na zana yake. Kezia akaeleza ile mila ya kuketi. Kwenye safu ya tatu akaandika: Makalio.

Baraza la Mitihani lilikutana saa tano mfululizo. Nilikuwapo kama mtaalamu wa fomu. Wengine walisema ni matusi. Wengine walisema hapana, tutazame sheria, ambayo inasema zana ni kitu kinachoshikika kwa mkono na kuhifadhika stoo. Ilikubaliwa kwamba makalio yanashikika. Tulikwama kwenye stoo.

Kezia aliitwa ajieleze. Alisimama akaeleza. Kwao, alisema, mume akimuumiza mkewe, wanawake wa kijiji hawapigi kelele wala hawamgusi. Huenda mlangoni kwake wakaketi bega kwa bega. Haingii mtu, hatoki mtu. Hawaondoki mpaka mwanamume atoke mwenyewe, aseme kwa kinywa chake mbele ya wote alichofanya, neno kwa neno. Akiruka jambo hawasogei. Akilisema lote, aliye karibu husogeza mguu, naye hupita. Tangu siku hiyo kijiji kizima kinajua, na yule mke yuko chini ya macho ya wote. Hajapata kutokea Magugumo mwanamume aliyeketiwa akarudia.

"Mnatafuta mila," alimalizia. "Si hiyo?"

Mheshimiwa alijibu kwamba taifa haliwezi kujengwa kwa kuketi. Kezia akahukumiwa viboko ishirini. Kwa kuwa ilikuwa pia siku ya mtihani wa vitendo, alichapwa na wanafunzi wenzake ishirini, kila mmoja kimoja, na kila kimoja kikatiwa alama. Shati lake lilipasuka kwenye cha saba. Cha kumi na nne kilikuwa cha Razaki Mtenda, ndicho kilichompigisha magoti, na wasahihishaji walikipigia mstari. Kisha akapewa cheti, akapewa kiboko cha serikali, akapangiwa kituo cha kazi kijijini kwao. Kiboko kilikuwa na namba ya mali kwenye mpini, 0417. Namba hizo huandikwa kwa mkono. Mkono ni wangu.

* * *

Mteja wake wa kwanza aliitwa Sikudhani. Alifika ofisini Magugumo akiwa ameushika mkono wa kulia kwa mkono wa kushoto, maana ulikuwa umevunjika pawili na kwenye kiwiko ulipinda pasipopinda. Mumewe, Chambuso, seremala aliyesifika kwa milango, alikuwa ameuweka kwenye jiliwa la kubania mbao akakaza. Jino lilikuwa limetoka na taya limevimba. Chambuso alikuwa ameapa kwamba safari ijayo itakuwa shingo, na kijiji kilimjua kuwa mtu wa kutimiza ahadi.

Mila iliyosajiliwa ilikuwa wazi: viboko vitatu kwa mke, vitatu kwa mume, kisha wapatanishwe na warudi nyumbani. Kezia hakuchapa. Alimlaza Sikudhani kwenye mkeka nyuma ya kabati la majalada, akamfunga mkono kwa kanga na vipande vya mbao, akaenda kwa bibi yake, Bi Nambwa, aliyekuwa mkubwa wa wanawake pale kijijini. Bi Nambwa akasema tukaketi leo leo. Kezia akamwambia kuketi sasa ni fujo, na wiki iliyopita kijiji cha jirani wanawake sita walioketi walipigwa marungu, mmoja hatembei. Akamsihi angoje kwanza, ili yeye aombe kibali.

"Tangu lini makalio ya mtu yakaombewa kibali?" Bi Nambwa akauliza.

Lakini alingoja, kwa kuwa mjukuu ni msomi. Hilo ndilo kosa walilolifanya wao. Langu linakuja.

Barua ya Kezia ilifika mezani kwangu baada ya siku nne. Iliandikwa kwa mwandiko mzuri, sina lawama. Ilisema: Mkono wa kulia umevunjika pawili. Mume ameapa kumvunja shingo. Naomba kibali tumketie. Chini aliambatisha Fomu Namba Saba, na safu ya tatu ilikuwa wazi. Nikaandika, Jaza safu ya tatu, nikairudisha.

Akairudisha ikiwa imejazwa Makalio. Nikaandika, Rejea uamuzi wa Baraza la Mitihani, nikairudisha.

Akairudisha safari ya tatu. Safari hii aliandika kwenye safu ile: Sisi. Nilicheka, nakiri, nikamwonyesha mwenzangu wa meza ya pili, naye akacheka. Kwa kuwa jalada halitakiwi kukaa wazi zaidi ya siku thelathini, na ilikuwa siku ya ishirini na tisa, nikagonga muhuri: Mhusika arudishwe nyumbani kwa mila iliyosajiliwa. Kisha nikaenda kunywa chai.

* * *

Alitumwa Razaki Mtenda na wasaidizi wawili. Walifika Magugumo asubuhi, wakahamisha kabati la majalada, wakamkuta Sikudhani kwenye mkeka. Kezia alisimama katikati. Razaki akampiga rungu la mbavu, kwa adabu zote, akimwita dada. Akampiga la pili, Kezia akalala chini akitema damu. Wanawake waliokuja mbio walitimuliwa kwa moshi wa pilipili.

Sikudhani alipelekwa kwa mumewe akiwa ameshikwa kwapani. Mbele ya nyumba yao alichapwa viboko vitatu vya mgongo, na Chambuso akachapwa vitatu. Tofauti ni kwamba Chambuso alikuwa amevaa koti. Wakapeana mikono, Sikudhani kwa ule wa kushoto. Razaki akapiga picha. Halafu, kwa kuwa sera yetu inasisitiza huduma isikatike mtaalamu akiondoka, akamkabidhi Chambuso kiboko alichokikuta ofisini kwa Kezia, Namba 0417, aendelee kumhudumia mkewe nyumbani.

Chambuso alimhudumia siku nne. Siku ya tano jirani aliona mlango mzuri wa seremala ukiwa wazi na nzi wakiingia. Kiboko kilikuwa kimezungushwa shingoni kikakazwa kwa kipande cha mbao, kama wanavyokaza kamba ya kitanda. Ripoti iliyofika kwangu ilikuwa na kichwa cha habari: Shauri Limefungwa.

* * *

Wanawake wa Magugumo walimwosha Sikudhani, wakamzika, kisha wakaenda kuketi mlangoni kwa Chambuso, na sheria wakaisahau. Chambuso alitoka saa hiyo hiyo. Alisema lote, hakuruka jambo. Alipofika kwenye kiboko akasema kile si chake, alipewa na serikali, kina namba na kina muhuri. Wanawake wakatazamana. Bi Nambwa akasogeza mguu, Chambuso akapita kwenda mikononi mwa kaka zake Sikudhani waliokuwa wakimngoja njiani, ambao hawakuwa na mila yoyote iliyosajiliwa. Walichomfanya sitakieleza. Hakikuchukua muda mrefu na kilisikika mbali.

"Huyo alikuwa wa mlango mdogo," Bi Nambwa akasema. "Haya, tufunge kanga."

Wakaja mji mkuu. Walipotoka walikuwa arobaini, lakini kila kijiji walichopitia kilikuwa na fomu iliyorudishwa, na walipofika Wizarani walikuwa zaidi ya mia tatu. Waliketi mlangoni bega kwa bega. Wengine wakazungukia mlango wa nyuma na ule wa gari la Mheshimiwa. Hawakuimba, hawakuwa na bango. Mbele kabisa waliketi Bi Nambwa na Kezia, aliyekuwa akishika mbavu, na mapajani mwa Bi Nambwa kilikuwapo kile kiboko kilichotolewa shingoni mwa Sikudhani.

Mheshimiwa alitoka roshanini akahutubia. Aliwapongeza akina mama kwa moyo wao wa mila. Aliwaambia kwamba serikali inawapenda na imewatengea siku yao katika mwaka. Aliwasomea takwimu za ndoa zilizopatanishwa, na ya Sikudhani ilikuwamo. Hawakujibu. Alihutubia saa mbili na nusu, jasho likamtoka, akarudi ndani akaamuru mila itumike.

Wahitimu wetu walikuja kwa malori, Razaki akiongoza. Walianza na moshi wa pilipili. Wanawake walijifunika kanga usoni wakakohoa, wasiondoke. Wakamwagiwa siafu kwa debe. Niliona dirishani siafu wakipanda shingo ya mama mmoja mnene wakaingia sikioni, naye akafumba macho akatikisika mwili mzima, asiinuke. Ndipo vikaja viboko. Vilipigwa kwa pembe sahihi ya kiwiko, kama tulivyofundisha, na damu ikarukia ngazi mpaka ngazi ya nne. Rungu lilimpasua Bi Nambwa juu ya jicho, jicho likafunga. Vidole vya mwanamke mmoja vilivunjika kwa kumkinga aliye kando yake. Mmoja alianguka kifudifudi asiamke tena. Walio pembeni yake walimwinua wakamketisha, wakamshika kwa mabega yao, akaketi pamoja nao akiwa maiti.

Mchana wa siku ya pili zana ziliisha. Viboko vilikatika, marungu yakapasuka, siafu wakatawanyika wakaingia Wizarani. Razaki, mikono ikiwa na malengelenge, akapaza sauti kuomba zana mpya. Zana mpya hutolewa kwa fomu. Fomu zilikuwa ndani, mezani kwangu, na mlangoni walikuwa wameketi watu. Alisimama pale na mpini mtupu mkononi. Hakujua la kufanya kwa mikono isiyoshika kitu, maana hilo hatukumfundisha. Mwisho alikaa chini pembeni ya lori lake, akajificha uso.

* * *

Asubuhi ya siku ya tatu nilienda dirishani kutazama kama njia imefunguka, kwa sababu ya njaa. Sitadai sababu nyingine. Bi Nambwa alikuwa ameketi chini yangu kabisa, uso umevimba, na kile kiboko mapajani. Jua lilipiga kwenye mpini nikaisoma namba. Ile nne huwa naichora na mkia mdogo, ni mtindo wangu tangu shule, mwalimu alikuwa akiusifia. Nikauona mkia. Kulikuwa na kitu cheusi kimekauka juu yake.

Nilimwendea Mheshimiwa, aliyekuwa chini ya meza kwa ajili ya siafu, nikamwambia naomba ruhusa kutoka. Akauliza kutoka kwenda kufanya nini. Nikasema kusema. Akatoka chini ya meza akachukua rungu la heshima alilopewa na Chuo, akanipiga nalo sikioni. Nilianguka, nikaamka. Akanipiga tena, lakini mzee yule hakuwa amepita Chuo chetu. Nilimwacha akihema, nikashuka ngazi nikishika ukuta.

Nilifungua mlango. Hakuna aliyegeuza uso. Nikasafisha koo, nikaanza kueleza kwamba safu ya tatu iliongezwa kwa nia ya kuboresha mpangilio wa karatasi, na kwamba ofisi yangu, kwa kuzingatia taratibu zilizopo.

"Sema kama mtu," Kezia akasema.

Nikasema hivi nilivyowaeleza ninyi, tangu mwanzo, pamoja na ile kuona inapendeza. Nilisema kuhusu vitabu na mikono ya Bwana Tegemeo. Nilisema nilikuwapo Kezia alipochapwa na nilihesabu kwa sauti. Nilisema barua ilikuja mara tatu na nikairudisha mara mbili. Nikanyamaza, nikidhani nimemaliza. Hakusogea mtu. Bi Nambwa alinitazama kwa jicho lile moja.

Basi nikasema na lile. Nilisema nilijua. Mkono uliovunjika pawili uliandikwa kwenye mstari wa kwanza, na shingo kwenye wa pili, nami nasoma vizuri. Nilijua atakufa, nikagonga muhuri kwa kuwa ilikuwa siku ya ishirini na tisa. Na niliposoma neno Sisi, nilicheka. Nilipolisema hilo nililia, nikaona aibu ambayo sikujua mtu anaweza kuwa nayo akaendelea kusimama.

Bi Nambwa akasogeza mguu. Nilipita katikati yao, pole pole, nisimkanyage mtu, wala yule aliyekuwa ameketi akiwa maiti. Nilipofika barabarani niligeuka. Alikuwa ameurudisha mguu wake mahali pake, kwa maana Mheshimiwa bado alikuwa ndani.